Mjadala: Jackie Chan ni mwongozaji wa filamu au mrukaji tu?

Stelingi Hafi: Wadau, mwaka 2016 Jackie Chan alipewa Oscar ya heshima, watu wakabaki kuhesabu mifupa aliyovunja. Tumemdhulumu. Ukubwa wake ni kuongoza. Tazama Police Story (1985): kamera inakaa mbali, unamwona mtu kuanzia utosi hadi kisigino, pigo linaanza na kuisha bila kukatwa. Na vile vioo anavyovunja humo ni vya sukari iliyogandishwa, si kioo halisi jamani, tusivikuze.

Mzee wa Banda: Vya sukari! Unavitaja kama kashata. Vya filamu ile vilitengenezwa vinene karibu mara mbili ya kawaida ili vipasuke kwa kishindo. Kikiwa chembamba kinavunjika kama biskuti, kikiwa kinene ncha zinachana ngozi. Uwe na adabu kwa waliochanika.

Fundi Seti: Mzee, unene si tatizo pekee. Sukari hunyonya unyevu. Kioo kikikaa muda kwenye hewa ya mvuke kinalainika na kunata, hakipasuki vizuri. Ndiyo maana siku hizi wanamimina resini, aina ya plastiki.

Stelingi Hafi: Mada ni uongozaji!

Mzee wa Banda: Vioo umevileta wewe. Na ile nguzo yenye taa ya filamu hiyohiyo, aliyoteleza nayo hadi chini, viganja vikaungua? Nayo sukari?

Dada Mkubwa: Mnamzunguka Jackie wakati kaka yao ni Sammo Hung, mwigizaji na mwongozaji mwenzake. Wote wametoka shule ya opera ya Kichina ya mwalimu Yu Jim-yuen, Hong Kong, na Sammo ndiye aliyemtangulia. Pambano la Jackie na Benny Urquidez, bingwa wa kickboxing, katika Wheels on Meals (1984), lile la teke linalozima mishumaa, aliyeongoza ni Sammo. Hilo mnampa Jackie kila siku.

Stelingi Hafi: Sijamnyima Sammo chake. Ila angalia Jackie anavyohariri: pigo analipiga picha kwa mbali, kisha kwa karibu, na pale picha hizo mbili zinapoungana anarudia fremu chache, yaani zile picha moja moja za filamu. Jicho halioni marudio, linaona uzito. Akizidisha fremu, mkono unaonekana umepiga mara mbili na uongo unajulikana.

Fundi Seti: Hapo sawa. Ongeza na kasi: kamera ikizungushwa fremu 22 kwa sekunde na filamu ikaoneshwa kwa 24, ngumi inaharakika kidogo. Ukishuka zaidi, nguo zinaanza kutetemeka kama picha za zamani zisizo na sauti.

Mzee wa Banda: Fremu hazikumpasua fuvu kule Yugoslavia, kwenye filamu ya Armour of God. Alirukia mti, tawi likavunjika.

Stelingi Hafi: Mruko wa kwanza ulikuwa salama, Mzee! Aliomba urudiwe kwa sababu haukumridhisha. Hilo ni jicho la mwongozaji.

Dada Mkubwa: Siku ile mwongozaji alikuwa Eric Tsang. Jackie alichukua usukani baada ya ajali. Sasa utajibu nini?