Mahakama iliniamuru 180,000 kwa mwezi, sasa kazi hakuna. Naacha kulipa au?

boda_makorora:
Habari za jioni wakuu. Mie niko Tanga, na mke wangu tumetengana tokea mwaka juzi ila talaka sijatoa. Alinipeleka mahakamani, hakimu akaamuru nitoe 180,000 kila mwezi, 80,000 ya mke na 100,000 ya watoto wawili. Wakati huo naendesha lori la kiwanda, mshahara unaeleweka. Mkataba ukaisha, sasa nina bodaboda ya mtu, hesabu 8,000 kwa siku hapo mafuta hujaweka, na mvua ikinyesha ndo nashinda chini ya mwembe nacheza karata. Miezi miwili sijatuma kitu. Washkaji kijiweni wanasema mpe talaka tu, hela ya mke inakufa hapohapo. Ni kweli?

mzee_raskazone:
Yakhe usijaribu kuacha kimyakimya. Amri haifi ati kwa sababu wewe umefulia, kila mwezi unaopita linaandikwa deni, na siku bibie akienda kukazia hukumu, yaani kuomba mahakama ikulazimishe kulipa, utadaiwa limbikizo lote. Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 121, inairuhusu mahakama kuibadili au kuifuta amri ya matunzo kama hali imebadilika kweli, au kama mwanzo ilitolewa kwa kudanganywa. Rudi palepale ilipotoka hukumu ukapeleke maombi ipunguzwe. Beba barua ya mkataba kuisha, mkataba wa boda kama upo, na meseji za miamala ya miezi uliyolipa, maana hizo ndo zinaonesha hukuwa mkaidi. Kusema tu "sina" haisaidii.

binti_ngamiani:
Haisaidii kabisa, mie nilikuwa upande wa pili. Wangu alikuja kavaa shati limechanika kola, "mheshimiwa sina kitu", hakimu akamtazama mkononi akamuuliza na hiyo simu umeokota? Watu tukacheka mpaka karani akatunyamazisha. Mie nilikuwa na daftari langu la mangi, unga, mafuta, mkaa, kodi ya chumba, kila siku na bei yake, hakimu kalifungua ukurasa mmoja mmoja. Wanachopima kwanza ni uwezo wa anayetoa na mahitaji ya anayepewa, halafu wanaangalia na nani kachangia ndoa kuharibika, na mila za jamii yenu. Na wewe andika ya kwako, siku umepata ngapi, umetoa hesabu ngapi, mwezi mzima. Ila jua mlango ni wa wote wawili, ukija kupata lori tena naye anaweza kurudi kuomba iongezwe usije ukalalamika humu.

msaidizi_wa_sheria:
Nigusie hiyo ya talaka maana kijiweni wamekupa nusu ya habari. Ni kweli baada ya talaka matunzo ya mke hayaji yenyewe, mahakama inataka sababu maalumu, na kwa ndoa ya Kiislamu inaangaliwa eda, kile kipindi mke aliyeachwa anachosubiri. Lakini karatasi utakayoandika nyumbani haimalizi kitu kisheria, mnapita kwanza baraza la usuluhishi la ndoa, likishindwa linatoa hati, ndo mnakwenda mahakamani. Na ukifika huko kuna mgawanyo wa mali, kifungu cha 114, na tangu kesi ya Bi Hawa Mohamed ya 1983 kazi za nyumbani za mke zinahesabiwa kuwa mchango. Kwa hiyo unakimbia 80,000 unakuta nyumba iko mezani. Deni la nyuma nalo linabaki, na ile 100,000 ya watoto haihusiani na talaka hata kidogo. Baada ya talaka, kitakachokata ya mke moja kwa moja ni yeye kuolewa na mtu mwingine.

boda_makorora:
Duh. Nyumba yenyewe ni vyumba viwili tulivyoanza wote Duga, bati bado. Basi talaka naiacha hukohuko kijiweni. Barua ya kiwanda ninayo, ililowa ila muhuri unasomeka. Jumatatu naenda, sijui bosi wa boda atanisamehe hesabu ya siku moja.

binti_ngamiani:
Kabla ya Jumatatu tuma hata 30,000 ya watoto. Na meseji ya muamala usiifute.