Wambea wa nyumba ya kupanga, TB yangu inawahusu nini?

Wakuu, habari za muda huu. Naandika nikiwa na hasira, atakayeona lugha ni kali avumilie au apite kushoto.

Mimi ni mwanamke, fundi cherehani, nimepanga huku Mbagala kwenye nyumba ya wapangaji wengi, choo kimoja cha nje. Nilikohoa muda mrefu, usiku natoka jasho mpaka shuka linaloa, nguo zikaanza kunipwaya. Nikaenda kituo cha afya, wakapima makohozi, ikaonekana ni TB. Nikaanzishiwa dawa za miezi 6: miwili ya mwanzo unameza mchanganyiko wa dawa nne, minne inayobaki unameza dawa mbili. Bure, hulipii hata shilingi. Kwa hilo sina malalamiko. Na yule nesi, mnyonge mnyongeni haki yake mpeni, alinikalisha akanieleza kila kitu, mpaka kwamba mkojo utabadilika rangi kwa sababu ya rifampisini, moja ya dawa hizo.

Alinieleza mimi mgonjwa. Majirani hakuwaeleza, na awaeleze kama nani zao?

Choo chetu ni cha kumwagia maji kwa kopo. Siku moja maji yalikatika, na dumu lililokuwemo likawa tupu. Mkojo ukabaki pale umetulia, rangi kama soda ya machungwa. Aliyeingia baada yangu ni mama wa chumba cha pili. Mpaka jioni ikawa nakojoa damu. Haikupita wiki huyo huyo akaniona kliniki. Sasa pale kituoni benchi la TB na benchi la wanaochukua dawa za kufubaza virusi yako baraza moja, ukikaa hili ni kama umekaa lile. Basi wakapiga hesabu yao wakamaliza: kakonda, anakojoa damu, kaonekana benchini. Kakanyaga miwaya, yaani ana VVU. Hata muuza genge akawa anajua majibu ya damu yangu. Na huyo aliyeniona, yeye pale alifuata nini? Sijamuuliza na sitamuuliza.

Umbea ungekuwa wa kusemwa tu nikaishia kukunjiwa sura, nisingekuja kuandika. Lakini umeingia mfukoni. Nilikuwa na oda ya sare ya kicheni pati, vitambaa vingine nimeshavikata. Mwenye shughuli akamtuma mtoto wa shule aje avichukue, eti mambo yameahirishwa. Jumamosi ile ile nasikia vigelegele, wanapita mbele ya baraza langu na sare zao zimeshonwa na fundi wa barabara ya pili, bega moja liko juu jingine chini. Sijacheka, ila niliona.

Kuna hitima ya mzee mmoja hapa mtaani. Wanawake tumekaa mkekani, sinia zinashuka, watu wanne wanne. Nikanawa, nikasogea. Binti akaja mbio kutoka jikoni na sahani yangu peke yangu, imefunikwa na sahani nyingine, na kijiko juu. "Dada, wewe chakula chako hiki hapa." Kwa adabu zote! Wenzangu wakajifanya wanasikiliza dua. Nikala, kwa sababu nilikuwa na njaa.

Jamani, TB haiambukizwi kwa sahani, kikombe wala kushikana mikono. Inapita kwenye hewa, mgonjwa akikohoa, hasa chumba kikiwa kimefungwa, na ukishaanza dawa ukazimeza inavyotakiwa, ndani ya wiki chache uwezo wa kuambukiza unashuka sana. VVU navyo havipiti kwenye pilau. Kwa hiyo hata kama uzushi wao ungekuwa kweli, ile sahani bado ingekuwa ujinga. Daktari wa Kijerumani, Robert Koch, alishasema tangu 1882 kwamba kinacholeta TB ni bakteria, kila Machi 24 tunaadhimisha Siku ya Kifua Kikuu Duniani, na hapa kwetu bado watu wanakimbia vijiko.

Wakamgeukia mpaka mtoto. Naishi na mtoto wa marehemu dada yangu, ana miaka 4. Nesi akasema nimlete achunguzwe, akaonekana hana ugonjwa, akapewa dawa ya kinga kwa sababu wadogo kama yeye TB huwawahi. Mtaani ikatafsiriwa: "Hadi katoto kawatu kameungua." Akitoka na mpira wake, wenzake wanaitwa ndani mmoja mmoja. Hapo ndipo nilipotukana hadharani, na matusi yale siyajutii.

Halafu upatu. Tunacheza mchezo wa kila mwezi, na zamu yangu ilikuwa inakaribia. Kijumbe akanipigia, sauti laini kama anatoa pole: wenzako wameona usogezwe mwisho. Kwa nini? "Si unajua dada, afya yenyewe hii, ukipokea halafu likatokea la kutokea, nani atakulipia?" Yaani wamenihesabu mfu, lakini mfu anayetakiwa kuchanga mpaka mwisho ndipo apokee. Sasa kama nakufa, mwisho nitaufikaje?

Lakini kuna mtu ananikera kuliko hao wote, ni yule anayekuja jioni na kanga yake ya "Siri ya mtungi aijuaye kata", anavuta kigoda, anaanza: "Shoga yangu, mimi sisemi, nakuletea tu ujue unaishi na watu wa namna gani." Atakupa yote, nani kasema, kwa sauti gani, nani kacheka. Ukishavimba kwa hasira, ndipo anashusha lake: "Kwani na kile kipimo kingine ulipima?" Alilolifuata ni hilo, anataka kurudi na kitu mkononi. Wambea wa mbali nawavumilia. Huyu anayekunywa chai yangu huku ananipekua nimemwambia kwa mdomo wangu asikanyage tena, sasa anatangaza kwamba ugonjwa umenipa kiburi.

Nikaenda kwa mjumbe. Akaniambia uswahilini ndivyo kulivyo, nizoee, au nichukue cheti cha majibu niwaonyeshe wanyamaze. Ndugu zangu wananiambia hivyo hivyo, na najua humu pia wapo watakaonishauri hayo. Nimepima, mgonjwa wa TB lazima ashauriwe kupima. Majibu ninayo. Hayatoki. Nikitembeza karatasi chumba kwa chumba kusema "niko salama", nitakuwa nimekubali kwamba asiye salama anastahili ile sahani ya kufunikwa. Nyumba ya watu wengi namna hii, mtaniambia hamna hata mmoja anayemeza vidonge vyake mlango umefungwa? Huyo atanisikia. Na Sheria ya VVU na UKIMWI ya mwaka 2008 iko wazi, majibu ya kipimo ni siri ya mtu na unyanyapaa umekatazwa. Aliyerekodi sauti yake akaitupa kwenye grupu la wapangaji kwamba "fundi kaungua" asome na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kuhusu kusambaza uongo kwa makusudi. Ile sauti nimeihifadhi.

Kliniki nimezoeana na mama anayetoka Tegeta kufuata dawa Mbagala. Anapita vituo chungu nzima njiani, nauli inamkausha, sababu ni moja tu: kwao wasimwone. Siku akikosa nauli dawa anakosa. Na TB ukiikatizia dawa njiani inaweza kurudi ikiwa sugu, halafu atawakoholea hao hao aliokuwa anawakimbia midomo.

Na yule mama wa chumba cha pili anakohoa tangu Ramadhani, ukuta wetu ni mwembamba, namsikia. Kikohozi kikipita wiki mbili unatakiwa ukapimwe. Nilimwambia, tena kwa upole, na dirisha lake afungue. Kaniangalia kama nimemtukana. Haendi, kwa sababu atakaa benchi lile ataonekana, na anajua vizuri mtu akionekana pale husemwa nini. Si alisema mwenyewe.

Mwenye uzoefu wa kupeleka kesi ya namna hii serikali ya mtaa au ustawi wa jamii anieleze inaanzia wapi. Wa "muachie Mungu" wapumzike kwanza.

Na kijumbe, najua unapita humu: mwezi ujao ni zamu yangu kama tulivyopanga mwanzo, na hela naitaka taslimu, mbele ya wanachama wote.