Bustani ya ngazi kwenye mteremko wa bahari: fremu niiweke wapi?

Ngazi3: Wakuu, mteremko una urefu wa mita 12 na unashuka mita 2.7. Nataka kuta tatu za mawe bila saruji, sm 90 kila moja. Benchi litakaa ngazi ya juu, na miti miwili mbele yake iwe fremu ya bahari. Miti niipande ngazi ipi, na ukuta usibinuke nifanyeje?

FundiMawe: Kinachobinua ukuta ni maji yaliyokwama nyuma yake. Chimba msingi sm 30 hadi udongo mgumu, kitako kiwe na upana wa sm 50, na ukuta ulalie mlimani sm 15 ukifika juu. Nyuma jaza kokoto unene wa sm 30, na kati ya kokoto na udongo weka kitambaa cha kuchuja. Bila hicho tope huziba kokoto. Miti mikubwa hapana. Ngazi yako ina upana wa kama mita 4 tu, mizizi itasukuma mawe.

Upeo: Naungana na fundi kuhusu miti. Simika nguzo mbili za mbao, upandishe mbogenvilia. Skrubu ziwe chuma cha pua daraja la 316, za kawaida zitaliwa na chumvi.

Kuhusu vimo: upeo wa bahari siku zote uko usawa wa jicho. Ukiketi, jicho liko kama sm 120 kutoka chini. Kichaka kilicho ngazi ya mita 1.8 chini yako kitagusa upeo kikifika mita 3, kwa hiyo kikate kwenye mita 2, ubaki na utepe wa maji juu yake. Kabla ya kuchimba mashimo ya nguzo, mwenzako ashike fito mbili, wewe keti, azisogeze mpaka uridhike. Zisilingane pande zote mbili. Fremu iliyo sawa sawa huonekana kama mlango.

Ngazi3: Na upepo?

MajiChumvi: Uwazi huo wa kati ya nguzo utauvuta upepo moja kwa moja kwenye benchi, basi lisogeze pembeni kidogo. Usijenge ukuta mzima wa kuukinga, upepo huuruka na kujipinda nyuma yake. Uzio wenye nafasi karibu nusu kwa nusu huupunguza vizuri zaidi. Halafu majani yakikauka ncha upande wa baharini tu, hiyo ni chumvi, si kiu. Yaoshe kwa maji yasiyo na chumvi, usizidishe ya mizizi.