Jiwe la kurudisha muda: stori yangu imekwama, naombeni mawazo

Stori_za_Dom

Habari za sa hizi wakuu. Mi naandika riwaya ya kufikirika, narusha kipande kipande kwenye grupu letu la WhatsApp, nimefika sura ya 6 na wasomaji wamenibana kwenye kona. Stori inamhusu kijana anaitwa Ndahani, mchimbaji mdogo kule Mpwapwa, anaokota jiwe njiani, rangi yake kama zabibu ambayo haijaiva vizuri, na kinachomshtua ni kwamba akiliweka juani saa 8 mchana kivuli chake kinaangukia magharibi, yani kama vile lenyewe bado liko saa 3 asubuhi. Akilifumbata linamrudisha nyuma. Nimeliita Kristali ya Kronosi.

Sasa jana dada mmoja kauliza, kama jiwe linarudisha muda mbona Ndahani akikosea asirudi tu akarekebisha, stori ikaisha sura ya 2? Nimekosa jibu, nikajifanya bando limeisha. Naombeni mnisaidie, jiwe liwe na masharti gani?

Mlenda_Mkavu

Kabla ya masharti, huyo Kronosi alifika lini Mpwapwa? 😂 Jiwe limetoka kwenye ardhi ya Wagogo unalipa jina la Ugiriki. Si unajua wazee wanavyosema kuhusu jina la huu mji wetu wa Dodoma, tembo alikuja kunywa maji akazama kwenye tope, watu wakasema "idodomya", amedidimia. Liite Idodomya. Muda unadidimia humo ndani kama yule tembo, basi. Hata asiyejua Kigogo ataelewa ukimpa hiyo hadithi mistari miwili.

Mzee_wa_Sururu

Kijana, nimekaa Winza, machimbo ya hukohuko Mpwapwa, kipindi cha rubi, ile 2008 watu walipofurika kutoka kila kona ya nchi, kwahiyo niruhusu nikukosoe kidogo. Kosa lako liko kwenye kuokota. Jiwe la maana hauokoti njiani ukaenda nalo nyumbani ukalilalia. Kuna mwenye leseni, kuna mfadhili aliyewalisha ugali na maharage miezi yote mliyokuwa mnatoa mchanga mtupu, kuna wenzako shimoni, wote wana fungu lao. Sasa fikiria jiwe lenyewe linarudisha muda. Mwenye leseni anataka arudi alipokuwa na afya, mfadhili arudi kabla hajamwaga hela, na Ndahani naye ana lake. Nani ataanza? Hapo utapata sura 10 bila kutoka jasho.

Halafu weka na dalali. Anakuja na tochi yake ndogo, anamulika jiwe, anaguna, anakwambia "hili lina nyufa mdogo wangu, hili ni la kusaidiana tu". Mi niliwahi kugunwa hivyo nikauza jiwe kwa bei ya pikipiki kuukuu, mwezi haujaisha nasikia limeuzwa mjini bei ya nyumba. Hilo jiwe lako lingekuwepo kweli nisingetaka kwenda mbali, nirudi tu ile asubuhi nimjibu yule bwana "asante, niache nalo".

Mwl_Fizikia

Shikamoo mzee hapo juu, hiyo ya tochi imeniuma.

Mwandishi, mi nakuja na upande wa sayansi maana naona unatafuta sharti ambalo halitaonekana limebandikwa. Mawe kuhusika na muda sio uchawi kabisa. Saa nyingi za betri za mkononi zina kipande cha kwatzi, aina ya fuwele, ndani. Pierre Curie na kaka yake Jacques waligundua mwaka 1880 kwamba fuwele za namna hiyo ukizibana zinatoa umeme, na mwaka uliofuata wakathibitisha kinyume chake, ukizipa umeme zinatikisika. Kile cha kwenye saa kinatikisika mara 32,768 kwa sekunde, saketi inagawa kwa mbili mara 15 inabaki tiki moja. Mwaka 2012 mwanafizikia Frank Wilczek akaja na wazo la fuwele ya muda, yani kitu ambacho mpangilio wake unajirudia kwenye muda badala ya kwenye nafasi, baadaye maabara zikaonyesha namna fulani ya kitu hicho, ila msidanganyane, hairudishi mtu jana.

Ninayoipenda mimi ni zirkoni, fuwele ndogo ngumu za ndani ya miamba. Ikijijenga inapokea uranium lakini risasi (ile metali, sio ya bunduki) inaikataa, kwahiyo risasi yoyote utakayoikuta ndani baadaye imetokana na ile uranium kuoza polepole. Nusu ya uranium-238 inahitaji kama miaka bilioni 4.5 kuisha. Ukipima uwiano unajua jiwe lina umri gani, na ndio njia mojawapo tunayojua kwamba miamba ya huku kwetu katikati ina zaidi ya miaka bilioni 2.5. Haya mawe tunayokalia tukila mahindi ya kuchoma ni wazee kweli kweli.

Sharti langu: Idodomya iwe ghala. Imekusanya muda punje kwa punje huko chini, ukiutumia unapungua, na kuujaza tena ni hiyo miaka bilioni. Ndahani akirudi kila anapokosea, kivuli kinasogea. Siku kivuli cha jiwe kikiangukia upande mmoja na vivuli vingine, limeisha, umebaki na kokoto.

Stori_za_Dom

Mwalimu!! Hiyo ya kivuli nilikuwa nayo mwenyewe na sikuiona. Naichukua yote. Jina pia naliacha, Kronosi apumzike.

Binti_Chamwino

Samahani nachelewa, nilikuwa shamba. Hayo ya ghala yamenikumbusha bibi yangu, alikuwa akituona tunamwaga chakula anatutajia Mtunya. Vijana wa sa hivi wengi hawaijui. Ile njaa ya 1917 hadi 1920, majeshi ya Wajerumani na ya Waingereza yalipita Ugogo kwenye vita ya kwanza, yakabeba nafaka, yakabeba ng'ombe na wanaume wa kubeba mizigo, kisha mvua nayo ikagoma. Watu waliisha.

Kama Ndahani ni Mgogo, mpeleke huko, kwa mama wa bibi yake. Na ongeza sharti moja kwa la mwalimu: jiwe linavusha kitu chenye uzito wake tu. Yeye mwenyewe asivuke kabisa. Jiwe lina gramu ngapi?

Stori_za_Dom

Niliandika gramu 9.

Binti_Chamwino

Basi gramu 9. Gunia halipiti wala debe, hata kikombe cha unga hakipiti. Atume nini?

Mzee_wa_Sururu

Dawa?

Mlenda_Mkavu

Barua. "Fungeni ng'ombe wafichwe milimani, wanakuja."

Binti_Chamwino

Barua nani aisome mwaka 1917 huko kijijini? Atume mbegu. Uwele, gramu 9 ni kama punje elfu moja huko. Kwenye njaa watu wanafika mahali wanakula mpaka mbegu, mvua ikirudi hakuna cha kupanda, na ndio njaa inaunga mwaka wa pili.

Stori_za_Dom

Aisee nimesisimka, nimesimama nikakaa tena. Yani muda wote wa jiwe uishe kwa kiganja kimoja cha uwele. Ila sasa nina swali jingine. Ndahani hayuko kule, hawezi kumwambia yule mama hizi ni za kupanda. Ye anaona tu uwele umetokea kwenye kinu. Atapanda au atapika?

Mwl_Fizikia

Atapanda, si Mgogo, anajua mbegu.

Binti_Chamwino

Mwalimu una watoto? Mtoto analia njaa siku ya nne we umwambie subiri mvua. Atapika.