Alama gani itumike kuweka thamani: =, := au mshale?

Mwalimu, Bukavu
Ndugu zangu, ninatengeneza lugha ndogo ya programu kwa wanafunzi wa sekondari hapa Bukavu. Kinachonisumbua ni alama ya kuweka thamani, yaani ya kuagiza namba ihifadhiwe chini ya jina kama x, kwa sababu mtoto aliyefundishwa tangu shule ya msingi kwamba = inaonyesha usawa wa pande mbili, akikuta x = x + 1 anaona uongo, na ana haki kabisa. Je, nifuate lugha ya C, inayoweka thamani kwa = na kulinganisha kwa ==, au nichukue :=? Naomba maoni pia kuhusu alama ya kipeo, kama 2 kwa kipeo cha 3, yaani 2 × 2 × 2.

Mtengeneza programu, Goma
Mwalimu, chukua :=, na = uiachie kulinganisha. Mwanahisabati Robert Recorde alipoanzisha = mwaka 1557 aliikusudia usawa; lugha ya programu FORTRAN ya 1957 ikaipa kazi ya kuweka thamani, kisha lugha ya ALGOL 60 ikatenganisha kazi hizo mbili kwa :=, na Pascal ya Niklaus Wirth ikafuata. C ilirithi = kutoka lugha ya B, ambayo walioitengeneza waliona kwamba kuweka thamani hutokea mara nyingi kuliko kulinganisha, basi wakataka alama fupi. Gharama yake ni kubwa mno kwa anayeanza: ukiandika if (x = 0) katika C ukikusudia "ikiwa x ni 0", x inageuzwa kuwa 0, sharti linahesabiwa kuwa si kweli, na programu inaendelea kana kwamba hakuna kilichoharibika. Lugha ya Python inaikataa sentensi ya namna hiyo papo hapo, nami naona ilifanya vyema.

Mwanafunzi wa informatiki, Lubumbashi
Ninakubaliana na ndugu wa Goma, ila tuangalie pia kibodi. Kwenye kibodi ya Kifaransa tunayotumia, : na = zote zinapatikana bila kushikilia kitufe cha herufi kubwa. Mshale ← wa masomo ya algoriti haupo, na ukiuandika <- unaleta utata: x<-1 ni kuweka 1 ndani ya x, au ni kuuliza kama x ni ndogo kuliko -1? Lugha ya R inachukua maana ya kwanza, hata kama mwandishi alikusudia ya pili.

Kuhusu kipeo, ^ ingependeza macho, lakini wanafunzi wako wakihamia Python, 2^3 itawapa 1, kwa kuwa huko alama hiyo inalinganisha biti (tarakimu 0 na 1 ambazo kompyuta huandikia namba) za namba mbili na kubakiza zinazotofautiana. Tena kwenye kibodi yetu ^ husubiri herufi inayofuata ili iwe â au ê. Bora **, kwani 2**3 inatoa 8.

Mwalimu, Bukavu
Nawashukuru sana. Nitatumia := na **, na = itabaki ya kulinganisha tu. Kwenye kugawanya, 7 / 2 itatoa 3.5 kama katika Python 3, na atakayetaka namba kamili ataandika //.