Eti mvua! Vani 13 za Starliner zasingiziwa mvua

Kampemba_Anga: Bandugu, mnamjua. Sina haja ya kumtaja, maneno yake ya jana jioni yamesikika hapa Lubumbashi kutoka Katuba mpaka Ruashi na hata mbuzi wamekataa kulala. Eti vani (vali za kufungua na kufunga mabomba) za Starliner, kapsuli ya Boeing ya kubeba wanaanga, zilikwama kwa sababu ya mvua. Mvua! Kwa hiyo wangeifunika kwa turubai la wauza mkaa ingeruka?

Agosti 2021, roketi ya Atlas V imesimama tayari, zimebaki saa chache, ndipo wanagundua vani 13 kati ya 24 za tetroksidi ya nitrojeni, kemikali inayofanya mafuta yawake, hazifunguki. Kumi na tatu! Kapsuli ilikuwa imejazwa wiki kadhaa kabla. Tetroksidi hupenya sili (kizibo cha kuzuia kuvuja) ya tefloni, aina ya plastiki, kidogo kidogo hata kama sili ni nzima. Ikikutana na unyevu wa hewa inageuka asidi ya nitriki, asidi inakula alumini, ule ukoko unajaa kwenye mwanya mwembamba, na vani inashikwa kama bolti ya gurudumu iliyolala uani miaka kumi. Halafu mtu mzima anashika maikrofoni anasema mvua.

FundiKatuba: Yaya, punguza moto. Unyevu ni maji, mvua ni maji. Umeandika yote hayo kumpa haki yule unayemtukana.

Kampemba_Anga: Unyevu uko hewani hata jua likiwaka, mukubwa! Ingekuwa mvua, dawa ingekuwa kifuniko. Wao walipuliza nitrojeni kavu kwenye vani, wakaziba njia za unyevu kwenye viungo vya umeme, wakajaza mafuta karibu zaidi na siku ya kuruka, na kila siku 2 hadi 5 wakazifungua na kuzifunga vani zisigande. Ikaruka tarehe 19 Mei 2022, ikafika kwenye kituo cha anga cha kimataifa. Kifuniko kiko wapi hapo? Eti mvua!

Ruashi_Nyota: Achana na vani. Kinachoniuma ni saa yake ya ndani. Desemba 2019 kapsuli ilisoma saa kutoka kwa roketi mapema mno, saa yake ikakosea kwa saa 11. Ikajiona iko mbali mbele ya safari, ikachoma mafuta ovyo, na kituo haikukifikia. Jaribio la programu lilikatwa vipande vipande, hakuna aliyelipitisha lote kutoka kuruka mpaka kufika. Hilo ndilo la kupigia kelele.

MamaVani: Na ile nyingine mnayoisifu? Aprili 2019 Crew Dragon, kapsuli ya SpaceX, ililipuka kwenye jaribio la ardhini, na ilikuwa vani vilevile. Tetroksidi ilivuja ikaingia bomba la gesi ya heli. Shinikizo lilipofunguliwa, ile tetroksidi ikarushwa kama nyundo kwenye vani ya titani, na titani ikawaka moto. Wakaitoa vani, wakaweka diski inayobaki imeziba kabisa mpaka shinikizo liipasue.

FundiKatuba: Hapo umenena. Na Juni 2024, wanaanga Wilmore na Williams wakikaribia kituo ndani ya Starliner, jeti ndogo za kuiongoza, 5 kati ya 28, zilizimika. Uchunguzi uliashiria kuwa joto lilivimbisha tefloni ndani ya vani, njia ya tetroksidi ikabanwa. Nne zilirudi kufanya kazi. Kapsuli yenyewe ilirudi Septemba bila mtu ndani.

Kampemba_Anga: Tefloni tena! Mnaona? Wapi mvua?

Pompi_Kenya: Ninyi wa tefloni, swali. Bomba la asidi ya salfuriki iliyochanganywa na maji mengi, raba ya nitrili pale bomba mbili zinapoungana inalainika kama bukari (ugali). Tefloni itafaa?

MamaVani: Nitrili itoke leo. Tefloni asidi hiyo haiigusi, ila ikibanwa hutambaa polepole, kwa hiyo bolti hulegea zenyewe. Rudia kuzikaza kesho yake, bomba likiwa limepoa na halina shinikizo. Ukiipata Viton, raba inayovumilia asidi, inashika vizuri zaidi.

FundiKatuba: Na kaza kwa msalaba, bolti zinazotazamana, kidogo kidogo kwa mizunguko mitatu. Ukikaza moja mpaka mwisho kisha ukaenda jirani yake, raba inabanwa upande na inavuja upande wa pili.

Pompi_Kenya: Bolti ziko nane. Naanzia ya juu?

FundiKatuba: Yoyote, mradi inayofuata ni ile ya mkabala.