Deni la HELB lifike mwisho wapi?

Wadau, watu bado wanaushangilia uamuzi wa Mahakama Kuu ya Nairobi wa 2022 kuhusu HELB, bodi ya Kenya inayokopesha wanafunzi wa vyuo, kana kwamba deni limefutwa. Halijafutwa.

Kwa wasioufuatilia: kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu 2007, kinazibana benki. Mkopo ukishaacha kulipwa, riba haiwezi kuzidi deni lililokuwa limebaki siku hiyo. Mawakili huiita in duplum. Ubishi ulikuwa kwamba HELB si benki, ina sheria yake ya 1995, sasa kanuni ya benki inaihusu vipi? Korti ikasema inaihusu.

Naunga mkono korti, ila tupige hesabu. Mtu amekopa 150,000. Riba ni asilimia 4, yaani 6,000 kwa mwaka. Asipolipa, faini ni 5,000 kila mwezi. Miezi miwili tu ya faini imeshaipita riba ya mwaka mzima! Akikaa miaka mitano bila kazi, faini peke yake imefika 300,000, na riba hatujaigusa. Kwa hiyo kinachomnyonga mkopaji ni faini. Hata korti ikiziweka zote chini ya kikomo kimoja, aliyekopa 150,000 atadaiwa 300,000 kabla deni halijasimama, na hana kazi.

Halafu kuna ile misamaha ya faini inayotangazwa mara kwa mara: lipa deni lote kwa mkupuo, faini ifutwe. Asiye na kazi atazitoa wapi laki? Anayefaidi ni aliyekuwa nazo akazikalia.

Pendekezo langu: faini isianze mwaka mmoja baada ya kumaliza chuo, ianze mtu anapopata kipato. KRA, mamlaka yetu ya kodi, inajua nani amekatwa kodi ya mshahara mwezi huu. Mnasemaje?

Mwalimu wa Vihiga: Ndugu, hesabu yako ni safi lakini umemsahau aliyemaliza Form Four juzi. Hela za HELB zinazunguka, nisipolipa mimi, yeye anakosa. Tena huku kwetu kuna mtu nimesoma naye, ana bodaboda tatu barabarani na hajalipa hata shilingi. Hana mshahara, kwa hiyo KRA yako haimwoni. Ukifunga faini kwenye mshahara, tutakaolipa ni sisi tunaokatwa juu kwa juu.

Mzee wa Kurasini: Jirani zangu, huku Tanzania waliumia zaidi walioajiriwa. Sheria ilibadilishwa 2016, makato yakapanda kutoka asilimia 8 hadi 15 ya mshahara, na waliosaini mikataba ya zamani wakaingizwa humohumo. Juu yake kulikuwa na tozo ya asilimia 6 kwa mwaka ya kulinda thamani ya mkopo: unakatwa kila mwezi, ukiangalia salio halishuki. Hiyo tozo iliondoka 2021, Rais Samia alipotangaza Mei Mosi kwamba inafutwa. Hiyo 15 ipo palepale. Nyie wenzetu angalau jaji amewaandikia kitu. Tamko la siasa linaweza kurudishwa na siasa.

Mleta mada: Mzee, ndiyo maana nataka Bunge letu liandike kikomo chenyewe ndani ya sheria ya HELB, faini ikiwemo, tusiwe tunakimbilia korti kila mwaka. Mwalimu, huyo wa bodaboda tatu afuatwe jinsi benki inavyomfuata mdeni: barua, CRB (orodha ya wasiolipa mikopo), kisha kesi. Nguvu hizo HELB inazo. Faini ya 5,000 inampiga yeye sawasawa na aliye nyumbani kwa mamake akisubiri TSC, tume inayoajiri walimu, imwite, tofauti ni kwamba yeye akiamua anauza pikipiki moja na kumaliza deni.

Mwalimu wa Vihiga: Hapo kwa CRB tuko pamoja. Kwa faini, bado.